Maswali Yanayoulizwa Sana: Kazi ya DOP (Director of Photography, Mkuu wa Picha) wa Filamu Huru Ukiwa Mbeya, Iringa na Nyanda za Juu Kusini

Nimeyakusanya hapa maswali ambayo vijana wa huku wananiuliza sana, wengi wanapiga harusi na video za kwaya na wanataka kuingia kwenye filamu. Mengine nimejibu kwa kirefu kwa sababu ndo yanayowasumbua watu, mengine mistari miwili inatosha.

DOP ni nani hasa, si ndo kameramani?

Kameramani anashika kamera anarekodi kilichopo mbele yake. DOP anaamua hicho kilichopo mbele kionekaneje, mwanga utoke upande gani, lenzi gani ikae, kamera iwe juu au chini, isogee au itulie, rangi ya sini iweje, na yote hayo anayafanya kwa ajili ya stori ya direkta. Kwenye produksheni kubwa DOP ana watu wake, kuna gafa anasimamia taa, kuna anayevuta fokasi, kuna wa stendi na reli, na kuna siku DOP mwenyewe hashiki kamera kabisa. Kwenye filamu zetu huru we ndo wote hao, labda na mdogo wako anayeshika shuka jeupe, lakini kazi ya kuamua ni ileile na ndo unayolipwa. Kijana akiniambia yeye ni DOP huwa namuuliza sini ya mwisho uliyopiga mwanga ulitoka wapi na kwa nini, kamera namuuliza baadae.

Lazima nihamie Dar ndo nifanikiwe?

Hapana. Dar kuna kazi nyingi zaidi, hilo halina ubishi, matangazo, video za muziki, tamthilia za TV, na vifaa vya kukodi viko karibu. Ila Dar pia kuna foleni ndefu ya watu wenye kamera kama yako. Huku una kitu ambacho mtu wa Dar anakifuata kwa basi usiku kucha, ndani ya siku moja ya gari unatoka kwenye baridi na ukungu wa Uporoto, unashuka kwenye migomba ya Tukuyu, unafika kwenye mchanga wa Matema pale Ziwa Nyasa, na ukiwa upande wa Iringa una miamba, una nguzo za udongo za Isimila, una mashamba ya chai ya Mufindi. Produsa wa filamu ya kujitegemea hana hela ya kujenga seti, anatafuta mahali ambapo tayari pana sura. We ukiwa ndo mtu anayejua mwanga wa sehemu hizo unakaaje mwezi gani na saa ngapi, una thamani ambayo hainunuliwi dukani.

Ushauri wangu ni ukae, ujenge kazi tatu nne nzuri za huku, uende Dar kwa kazi ukiitwa na urudi.

Nianze na kamera gani? Simu inafaa?

Simu inafaa kujifunzia na hata kupigia filamu kamili. Sean Baker wa Marekani alipiga filamu nzima kwa iPhone 5s na ikaonyeshwa tamasha la Sundance mwaka 2015, na hiyo simu leo mtu hata haiokoti. Weka programu inayokuruhusu kufunga ekspoja (kiasi cha mwanga), fokasi na waiti balansi (jinsi kamera inavyosoma rangi nyeupe), alafu weka simu kwenye stendi. Kinachofanya video ya simu ionekane ya simu ni ile ekspoja inayopanda na kushuka yenyewe mtu akipita, kuliko hata ubora wa picha.

Ukiwa na hela kidogo nunua bodi iliyotumika ambayo inabadilisha lenzi, Sony, Canon, Panasonic, yoyote, hela iliyobaki weka kwenye lenzi na stendi nzuri. Bodi zinapitwa kila mwaka, lenzi nzuri unakaa nayo miaka. Usikope kwa ajili ya kamera. Nasema tena, usikope kwa ajili ya kamera, kuna vijana wazuri wameacha hii kazi kwa sababu ya marejesho.

Lenzi gani ya kwanza?

50mm yenye f/1.8, bei yake ni rahisi na ni kali. Kama kamera yako ina sensa ndogo ya APS-C basi 35mm, manake kwenye sensa hiyo inakupa upana unaokaribia ule wa 50mm kwenye sensa kubwa. Piga nayo peke yake miezi kadhaa. Ukishazoea kusogea kwa miguu badala ya kuzungusha zumu ndo utaanza kuelewa umbali kati ya kamera na mtu unamwambia nini mtazamaji.

Mwanga wa huku una shida gani? Picha zangu za mchana zinatoka mbaya macho yote meusi

Hili ndo swali ninalolipenda.

Jua letu linapita juu sana. Mbeya tuko karibu digrii 9 kusini mwa ikweta, kwa hiyo mwishoni mwa Februari na katikati ya Oktoba jua la mchana linakaa utosini kabisa, na kivuli cha paji la uso kinaanguka moja kwa moja kwenye macho. Hapo hamna lenzi itakayokusaidia. Mwezi wa sita na wa saba ni tofauti, jua limehamia kaskazini, mchana liko kama digrii 58 kutoka upeo wa macho na vivuli vinaanguka kusini, anga safi, hewa kavu. Kwa hiyo Juni ukimgeuza muigizaji aangalie kusini jua linampiga mabegani na nyuma ya kichwa, unapata ule mstari wa mwanga kwenye nywele, alafu uso unaurudishia mwanga kwa shuka jeupe. Muigizaji huyohuyo Oktoba mgeuze unavyotaka, utosi ni utosi, mpeleke chini ya mwembe au kwenye baraza.

Kingine watu hawakifikirii, saa. Nchi nzima saa zetu zinasoma sawa lakini Mbeya iko magharibi sana kuliko Dar, kwa hiyo jua letu linachelewa kama dakika 20 na kitu. Utosi wa jua huku hauji saa 6 kamili, unakuja kati ya saa 6 na nusu na saa 7 mchana kutegemea mwezi. Mimi nikipewa ratiba iliyoandikwa na mtu wa Dar kwamba sini ya machweo tupige saa 12 na robo jioni, namwambia tusogeze, manake muda huo huku jua bado lina nguvu. Iringa wako katikati, wanachelewa kama robo saa hivi.

Alafu kumbuka karibu na ikweta jua linazama wimawima, halilali pembeni kama Ulaya. Zile video za mafunzo za Wazungu wanaosema una saa nzima ya mwanga wa dhahabu, we huna. Ukiwa bondeni ndo kabisa, mlima unalifunika jua kabla ya saa yake. Fanya mazoezi ya sini mapema, weka alama za kusimama, fokasi ijulikane, mwanga ukifika mnapiga tu bila maneno.

Mwezi wa nane mpaka wa kumi watu wanachoma mashamba, moshi unajaa hewani, jua la jioni linakuwa jekundu na milima ya mbali inafifia kwa tabaka. Kuna wanaolalamika, mi naona ni zawadi kwa shoti pana, ila usipige nusu ya sini mwezi wa saba na nusu mwezi wa tisa ukategemea zitaungana.

Vipi kuhusu ngozi zetu? Muigizaji mweusi sana anapotea kwenye picha

Hapotei, umempoteza wewe. Naomba hili lieleweke vizuri maana limeumiza watu wengi kwenye picha kwa muda mrefu. Enzi za filamu za mkanda, Kodak walikuwa wanasambaza kwa maabara kadi za kupimia rangi zenye picha ya mwanamke mweupe, ndo maana ngozi nyeusi ilikuwa inatoka kama kivuli, na hata maboresho yalipokuja sehemu kubwa ya msukumo inatajwa kuwa malalamiko ya watengenezaji wa chokoleti na fenicha ambao bidhaa zao za kahawia hazikuwa zinatoka vizuri. Kamera za sasa zina uwezo mkubwa sana, lililobaki ni sisi kujua.

Kwanza acha ekspoja ya otomatiki. Ukimweka mtu mweusi mbele ya ukuta mweupe au anga, kamera inapima huo weupe na inamzamisha mtu. Ukienda klozapu uso ukajaa fremu inafanya kinyume, inamfanya awe wa kijivu. Pima usoni wewe mwenyewe. Na usilazimishe kila uso uwe na mwangaza uleule, mtu mweusi sana anatakiwa aonekane mweusi sana, ila umbo la uso lisomeke.

Na hapo ndo siri yenyewe, ngozi nyeusi inapendeza kwa kuakisi, yaani kile king'aro kwenye shavu, kwenye paji, kwenye mfupa wa pua. Unahitaji chanzo kikubwa cha mwanga, dirisha, mlango, shuka lililopigwa na jua, kikae pembeni ya uso, sio mbele. Taa ndogo kali ya mbele inatoa doa moja jeupe na kwingine kote giza. Mwambie msanii wa mekapu asimpake poda ikamkausha, mafuta kidogo ya kawaida yanatosha. Nguo nyeupe pee mwombe abadilishe avae rangi iliyopoa, na msogeze mbali na ukuta.

Kitu cha huku kwetu hasa, ukiwa ndani ya migomba ya Rungwe au katikati ya chai Mufindi, mwanga wote unaoingia usoni umepita au umegonga majani, kwa hiyo ni wa kijani. Kwa macho huoni, kwenye skrini ngozi inaonekana ya mgonjwa. Tandika kitu cheupe chini miguuni kwa mtu nje ya fremu kuziba ule ujani unaotoka chini, rudisha mwanga safi kutoka sehemu ya wazi, na kwenye waiti balansi sogeza tinti kidogo kuelekea majenta. Usiache mpaka kwenye kompyuta, manake ukitoa kijani chote kule na migomba yenyewe inakufa rangi.

Sina hela ya taa, nifanyeje sini za ndani?

Nikupe mfano wa jiko. Jiko la kuni la nyumba ya kijijini, mlango mmoja, dirisha dogo, mama yuko kwenye kigoda anachochea moto. Cha kwanza zima taa ya umeme kama ipo. Weka kigoda kiasi kwamba mlango uko upande wake wa kushoto na mbele kidogo, hiyo ndo taa yako kubwa. Kamera ikae upande wa kulia, yaani upande wa kivuli, uangalie kutoka kwenye giza kwenda kwenye mwanga. Mlango jua likipiga moja kwa moja tundika shuka jeupe jepesi nje, mbali kidogo na mlango, mwanga unalainika. Moshi wa kuni wenyewe unaonyesha njia ya mwanga ukitokea dirishani, ila msimlazimishe mama akae kwenye moshi muda mrefu, pigeni, mpumzisheni, pigeni.

Alafu angalia upande wake wa kulia. Kama ukuta umepakwa chokaa unarudisha mwanga mpaka kivuli kinapotea na uso unakuwa bapa. Hapo watu wanatafuta taa ya kuongeza wakati kinachotakiwa ni kupunguza, tundika blanketi jeusi nje ya fremu upande huo, uso unapata umbo palepale. Kuongeza mwanga kila mtu anajua, kupunguza ndo wachache wanajua na ni bure.

Ukianza kununua, anza na taa moja ya LED yenye nguvu inayotumia betri, kwa sababu umeme unakatika na jenereta inaharibu sauti. Taa moja nzuri na mashuka na mablanketi inatosha filamu fupi nzima.

Kwa nini video yangu ya ndani ina mistari inayotembea?

Umeme wetu ni wa hertz 50. Weka fremu 25 kwa sekunde na shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) 1/50, nyingi zitaisha. Mafunzo mengi ya YouTube ni ya Marekani ambako umeme ni hertz 60, wanakwambia fremu 30 na 1/60, ukifuata hivyo chini ya tyubulaiti ya hapa mistari lazima. Kuna balbu za LED za bei rahisi zinacheza hata ukiweka sawa, hizo badilisha, tembea na balbu zako mbili tatu nzuri kwenye begi.

Nje juani shata ibaki hiyohiyo 1/50, usiipandishe kupunguza mwanga, miguu ya watu itaanza kukatakata. Nunua filta ya ND, kioo cheusi kinachokaa mbele ya lenzi kupunguza mwanga.

Ukungu, mvua na baridi vinaua kamera?

Baridi yenyewe haiui, inakula betri. Kitulo uko juu ya mita 2,600, asubuhi ya Juni betri iliyojaa inaisha mapema kuliko ulivyozoea, zitunze mfukoni ndani ya koti, toa moja moja.

Kinachoua ni kuhama kutoka baridi kwenda joto. Umelala Isyonje au Tukuyu kwenye baridi, asubuhi unashuka Kyela, Ziwa Nyasa liko chini ya mita 500 na hewa ina unyevu mwingi, ukifungua begi tu lenzi inaloa maji, nje na wakati mwingine ndani. Acha kamera ndani ya begi lililofungwa mpaka ipate joto la hapo, hata saa nzima, ndo ufungue. Weka vile vipakiti vya kukausha unyevu vinavyokuja kwenye maboksi ya viatu, vile vidogo, usivitupe. Na usibadilishe lenzi kwenye ukungu.

Ukungu kwa picha ni mtamu sana. Unafuta yale yasiyotakiwa nyuma, nguzo za umeme, mabati mapya, unabaki na mtu na mti. Ila kamera ikipima yenyewe inauona ukungu ni mweupe mno na inaugeuza kijivu kichafu, kwa hiyo fungua ekspoja kidogo. Na mpange mtu wa rangi iliyokolea awe mbele, maana ukungu unahitaji kitu cha karibu ili uonekane ukungu.

Mvua ya Rungwe we ikubali tu. Direkta aandike sini za mvua na zisizo na mvua tofauti, na kila siku muwe na sini moja ya ndani ya akiba. Mvua ya kweli haionekani kwenye kamera kama mwanga uko mbele yake, iangaze kutoka nyuma.

Log, 10-bit, hivi ni vya lazima?

Sio vya lazima. Log ni profaili inayorekodi picha iliyofifia ili urekebishe rangi baadae, na bit ni wingi wa hatua za rangi ambazo kamera inahifadhi. Log ya 8-bit ukiivuta sana inapasuka hasa kwenye anga na kwenye kivuli cha ngozi. Kama kamera yako ni 8-bit tumia profaili ya kawaida iliyopunguzwa kontrasti na upige ekspoja sahihi. Kama ina 10-bit tumia log na ujifunze kugredi, yaani kurekebisha rangi kwenye kompyuta, programu ya DaVinci Resolve toleo la bure linatosha kabisa.

Natunzaje mafaili?

Piga hesabu kabla hujatoka. Kamera ikirekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde ni kama megabaiti 750 kila dakika, kadi ya GB 64 inachukua chini kidogo ya saa moja na nusu. Kila jioni kopi mbili kwenye hard disk mbili tofauti, na hizo disiki zisisafiri kwenye begi moja. Kadi haifutwi mpaka mtu wa pili amefungua mafaili akayaona yanacheza. Ukiwa kijijini bila umeme laptopu ihifadhiwe kwa kazi hiyo tu, mtu asichajie simu.

Vibali vinakuwaje?

Filamu inahitaji kibali cha Bodi ya Filamu Tanzania, msingi wake ni Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza namba 4 ya mwaka 1976 na marekebisho yake. Kibali ni kazi ya produsa, ila we DOP usiwashe kamera mpaka umekiona kwa macho, kwa sababu kamera ndo kitu cha kwanza kushikwa.

Baada ya hapo kila mahali pana mwenyewe. Kitulo na Ruaha ni TANAPA. Misitu ya hifadhi kama Mlima Rungwe na ule wa Ziwa Ngozi ni TFS, wakala wa misitu. Isimila na Kalenga ni maeneo ya kumbukumbu za taifa, yana utaratibu wake. Stesheni za TAZARA ni za shirika. Usipige kambi za jeshi, magereza wala polisi hata kwa mbali. Afisa utamaduni wa halmashauri ni mtu muhimu kuliko mnavyofikiri, mkipita kwake mapema anawapigia simu watendaji huko mbele na njia inafunguka.

Na droni?

Droni ni TCAA, mamlaka ya usafiri wa anga, na vyombo vya ulinzi vinahusika kwenye ruhusa, anza mapema sana. Hifadhini usirushe bila ruhusa ya hifadhi yenyewe. Kiufundi kumbuka huku juu hewa ni nyepesi, panga inazunguka kwa nguvu zaidi kupata mnyanyuko uleule, kwa hiyo muda wa kuruka unapungua na upepo wa Kitulo hautabiriki. Rudi chini betri ikiwa bado na theluthi. Kwa maoni yangu filamu nyingi zetu zina droni nyingi mno, shoti moja ya juu yenye sababu inatosha.

Nikifika kijijini watu wanaikataa kamera, nifanyeje?

Usifike na kamera shingoni. Fika siku moja kabla, bila kamera, na mwenyeji. Ripoti kwa mwenyekiti wa kijiji, mtendaji, na wazee. Wazee shikamoo ya heshima, simama, vua kofia, Iringa na Njombe ukianza na kamwene utaona uso unabadilika, Tukuyu na Kyela ugonile, na ukipewa kitu ndaga. Eleza filamu inahusu nini kwa maneno ya kawaida na nani anapata nini. Watu wengi wamerekodiwa wakaahidiwa watarudishiwa video na hawakuiona, kwa hiyo wakikukatalia wana sababu.

Kwenye seti wape kazi, kijana mmoja azuie bodaboda, mama mmoja alipwe kupika. Ukimpiga bibi klozapu mgeuzie skrini ajione. Nimeona bibi aliyekaa mgumu kwenye kila shoti akajiona mara moja, akacheka, akaomba ajifunge kitambaa vizuri, na shoti iliyofuata alikaa kama hakuna mtu.

Nichaji shilingi ngapi?

Sitakupa namba kwa sababu kazi zinatofautiana, nakupa njia. Tenga vitu vitatu kwenye karatasi. Moja, siku zako, na hesabu siku za maandalizi na za kuangalia lokesheni, sio za kupiga tu. Mbili, vifaa, hata kama kamera ni yako andika kodi yake kama vile ungeikodi, kwa sababu inachakaa na ipo siku itahitaji kubadilishwa. Tatu, usafiri, chakula, malazi na msaidizi. Ukimtajia mtu namba moja ya jumla atakupunguzia, ukimwonyesha mgawanyo mtajadili kipi kiondoke.

Malipo ya awali kabla ya siku ya kwanza, na salio kabla ya kukabidhi mafaili ya mwisho. Mkataba hata wa ukurasa mmoja, uandike siku ngapi, saa ngapi kwa siku, mvua ikinyesha inakuwaje, jina lako liandikwe vipi mwishoni mwa filamu, na ruhusa ya kutumia vipande kwenye shorili yako, ile video fupi ya kuonyesha kazi zako. Kuwa na TIN, kampuni na mashirika yakikulipa yatakata kodi ya zuio asilimia 5, dai cheti chake maana kinahesabika kwenye kodi yako ya mwaka. Filamu isajiliwe COSOTA, ofisi ya hakimiliki, na kama umeahidiwa asilimia badala ya hela taslimu iandikwe asilimia ya nini, ya mauzo au ya faida, kwa sababu faida kwenye makaratasi inaweza isionekane milele.

Filamu ya rafiki bila malipo? Fanya kama skripti imekugusa, lakini nauli na chakula cha timu vilipwe, na mkataba uwepo.

Harusi na video za kwaya zinaharibu jicho la filamu?

Hazimharibu mtu. Mbeya ina kwaya nyingi na nzuri mno, na ndo zimelisha kamera nyingi za mkoa huu. Harusi inakufundisha kutabiri mtu anaenda wapi kabla hajaenda, kufanya fokasi bila marudio, na kuchunga betri siku nzima. Kwaya inakufundisha kupanga watu thelathini kwenye fremu na wote waonekane. Ubaya unakuja ukipiga filamu kwa mazoea ya harusi, zumu kila sekunde, slo mosheni kila mahali. Tumia kila kazi ya kulipwa kujaribu kitu kimoja tu, leo mwanga wa pembeni, wiki ijayo shoti ndefu isiyokatwa.

Mimi ni dada, hii kazi nitaiweza?

Ndiyo. Tuzo za Oscar zilianza kutolewa 1929 na ilibidi ifike 2018 ndo mwanamke wa kwanza, Rachel Morrison, akateuliwa kwenye upigaji picha. Uwezo ulikuwepo, milango ilikuwa imefungwa. Kuhusu uzito, kamera za sasa ni nyepesi na stendi zipo. Shida ya kweli ni malazi na usalama lokesheni, kwa hiyo dai kwenye mkataba chumba chako chenye kufuli na usafiri wa usiku, na produsa akinuna ujue mapema huyo ni wa kukwepa. Kwa wanaume tunaoongoza timu, wadada mkiwachukua wawekeni kwenye kamera na fokasi, msiwape nguo na chakula tu.

Direkta na mimi tunabishana kila shoti

Manake hamkukaa kabla. Someni skripti pamoja sini kwa sini, we uliza swali moja tu kila sini, hapa tunamwangalia nani? Chorani hata vijiti. Nendeni lokesheni saa ileile mtakayopiga. Siku ya kupiga, toa maoni yako mara moja, pembeni, kwa sauti ya chini, akiamua tofauti fanya kwa moyo wote. Filamu ni yake na uso wa muigizaji unasikia ugomvi wenu.

Nisome wapi?

Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kuna idara ya sanaa za ubunifu, TaSUBa Bagamoyo nako kuna historia ndefu, chuo kilianza 1981. Ukiweza nenda. Usipoweza, omba kuwa msaidizi wa kamera kwenye filamu ya mtu mwingine, shika fokasi, beba, nyamaza, angalia. Na kila wiki chagua sini moja ya filamu unayoipenda, zima sauti, chora kila shoti ilipotoka kamera na ulipotoka mwanga.

Filamu ikiisha tuipeleke wapi?

ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, ni ya kuanzia, inafanyika tangu 1998 na watu wa filamu wa Afrika Mashariki yote wanakutana hapo. Tamasha nyingi mnatuma kupitia tovuti ya FilmFreeway, someni masharti, kuna tamasha zinakataa filamu iliyokwisha wekwa YouTube. Tafsiri ya maandishi chini iwe ya Kiingereza safi, mtafuteni mwalimu awasomee.

Na ionyesheni huku, haraka, kwa watu mliowarekodi. Projekta ya kukodi, ukuta uliopakwa chokaa upya au mashuka mawili yaliyoshonwa, spika za kanisa au za shule. Anzeni baada ya saa 1 na nusu usiku giza likishaingia vizuri, projekta ndogo haishindani na mwanga wa jioni. Kabla ya siku yenyewe nenda usiku mmoja ujaribu na sini yenu yenye giza kuliko zote, ikisomeka pale ukutani basi zingine zote zitasomeka, isiposomeka rudi kwenye gredi upandishe vivuli kwa kopi hiyo ya kijijini peke yake.